Maiti Asiyetaniwa

"Amuuaye mtani, azikwe na nani?" Ndivyo alivyosema mzee Kapama leo mchana akiwa amelala chali ndani ya kaburi la babu yenu. Mmeuliza maneno hayo yametoka wapi, nami nitawaambia, ili Renatus aache kununa na nyie wengine muache kunong'ona pembeni. Sogeeni. Renatus, wewe kaa hapo karibu na mbwa wa babu yako. Nataka niuone mkia wake ninapozungumza.

Najua kilichokuudhi, mjukuu wangu. Umepanda basi kutoka mjini kuja kumzika babu yako, halafu unamkuta mzee mzima karukia ndani ya shimo, kajinyoosha, anasema kaburi hili ni zuri mno kwa mtu bahili, na hatoki mpaka apewe jogoo. Ukakunja ngumi. Nilikuona. Mjomba wako asingekushika mkono, ungempiga Kapama mbele ya waombolezaji, na mimi ningetangulia kuingia kaburini kwa aibu kabla ya mume wangu. Hasira baki nayo, ila masikio niazime.

Methali hii ina mwanzo wake, na mwanzo wenyewe ni huu. Zamani sana, kabla ya reli, nchi hii ilikuwa na mtemi mmoja na koo mbili kubwa, Wakihanga na Walembo. Sisi ni Wakihanga. Kapama ni Mlembo. Koo hizo ni watani tangu enzi ambazo hakuna azikumbukaye. Mkihanga akimkuta Mlembo anakula, anamnyang'anya sahani na mwenyewe hanuni. Mlembo akikutana na Mkihanga anayekwenda ukweni, anamwaga matusi hadi mkwe mwenyewe acheke. Na damu haimwagwi kati yao, ni mwiko.

Lakini kazi kubwa ya mtani ni mazishi. Mkihanga akifa, Mlembo ndiye anayetangulia kulala kaburini, ili udongo upate joto la mtu aliye hai. Halafu anamsema marehemu makosa yake yote, moja baada ya jingine, kwa kicheko. Waliotutangulia walisema hivi, nami nawapa kama nilivyopewa: maiti asiyetaniwa hajui kuwa amekufa. Nduguzo wakikulilia utadhani umesafiri tu na wamekukumbuka. Mtani ndiye pekee atakayekuambia ukweli, kwa sababu hakuonei haya.

Basi mtemi akafa. Akaacha mtoto wa kumzaa na mpwa, mtoto wa dada yake, na kila mmoja akasema kiti ni changu. Wakihanga wakasimama na mtoto. Walembo wakasimama na mpwa. Watu waliozoea kunyang'anyana viazi huku wakicheka wakaanza kunoa mikuki, na kila upande ukachagua jemadari wake.

Jemadari wetu aliitwa Lubinza, mtu mnene, mwenye sauti ya kuitia ng'ombe ng'ambo ya mto. Jemadari wa Walembo aliitwa Ntwale, mwembamba, mguu mmoja mfupi kuliko mwingine. Hao wawili walikuwa watani wa kuzikiana. Ntwale ndiye aliyelala kaburini mwa baba yake Lubinza. Lubinza ndiye aliyemzika mama yake Ntwale, na akiwa mle shimoni alisema sasa kuku wa majirani watazeeka kwa amani. Ntwale alicheka huku machozi yakimtiririka. Ndivyo walivyopendana.

Majeshi yakakutana kwenye mbuga ya Lwanzali, kiangazi, mto ukiwa umebaki mchirizi wa kufika kwenye vifundo vya miguu. Wanaume wote wa nchi walikuwepo, upande huu na upande ule. Na asubuhi ile hakuna aliyejua kwa hakika kama watapigana, maana mkuki wa kumchoma mtani ulikuwa haujatengenezwa bado. Ntwale akachechemea mpaka ukingoni, akapaza sauti.

"Lubinza. Tumbo hilo umekuja nalo lote, au nusu umemwachia mkeo alilinde?"

Wote wakamtazama Lubinza. Alichotakiwa ni kujibu tu. Angejibu neno moja la mzaha, watu wangecheka, na ukishacheka na mtu asubuhi huwezi kumchoma mchana. Lugusha, mwanawe wa pekee, alikuwa amesimama nyuma yake na tayari meno yako nje. Lakini Lubinza alikuwa amemwapia mtoto wa mtemi kwamba hatarudi bila kiti, na alijua kuwa utani ukiwepo, vita havipo. Akaweka ngao chini. Akapiga goti. Akapiga makofi polepole kama anavyosalimiwa mtemi wa nchi ya mbali, akasema:

"Umeamkaje, bwana mkubwa? Wa nyumbani kwako hawajambo?"

Nyie mnaona hiyo ni adabu. Mtani hasalimiwi hivyo. Kumpa mtani heshima ni kumwambia wewe na mimi hatujuani, na hatujapata kujuana. Ndiyo njia pekee ya kuukata utani, na tangu koo hizi ziwepo hakuna aliyewahi kuitumia. Ntwale alirudi nyuma kama mtu aliyezabwa kofi. Kisha naye akapiga goti na mguu wake ule mbovu.

"Hatujambo, bwana mkubwa," akasema. "Sijui wa kwako."

Ndipo vita vikaanza. Vita vyenyewe sitavitamba, mimi si mtu wa kusifia visu. Nitawaambia tu kwamba vumbi lilikuwa zito hadi watu wakawa wanatambuana kwa sauti, na sauti zote walizijua. Waliuana wakiitana kwa majina ya utani. Mkuki wa Ntwale ulimpata Lugusha chini ya titi. Shoka la Lubinza lilimwangusha mdogo wake Ntwale. Jua lilipoinama hakuna aliyeshinda. Kila upande ukabeba maiti wake uliowaweza, ukaondoka, na wengi wakabaki palepale mbugani.

Wakihanga wakazika wenyewe kwa wenyewe. Makaburi baridi, bila mtani. Lubinza aliingia katika shimo la mwanawe, akajilaza yeye, akataka kumtania. Ni baba gani atakayeweza? Akafungua kinywa, kikatoka kilio, wakamvuta juu, wakafukia.

Wa kwanza kujua walikuwa mbwa.

Ilikuwa alasiri, jua kali, watu wamekaa nje. Mbwa wa Lugusha wakainuka wote kwa pamoja, wakakimbilia njiani huku mikia ikipigapiga. Wakazunguka mahali ambapo hapakuwa na mtu, wakirukaruka kama kwenye magoti ya mtu. Halafu wakarudi polepole, wakimsindikiza, mpaka kwenye kigoda cha Lugusha kilichokuwa kivulini, wakalala mbele yake. Mama yake Lubinza, aliyeitwa Ngolo, alikwenda akakigusa kile kigoda. Kilikuwa na joto.

Kesho yake ng'ombe waligeuza vichwa saa ile ambayo Lugusha huwapeleka majini. Wakatoka zizini kwa mstari, hakuna aliyewatangulia. Wakarudi wamekunywa, kwato zimelowa. Kisha kikaanza kile kikohozi chake cha kusafisha koo kabla ya kuingia ndani. Lubinza alikisikia akiwa anakula, akaacha tonge hewani.

Na haikuwa kwake tu. Mjane mmoja alikuta tuta jipya limelimwa shambani kwake, udongo bado mbichi. Mwingine mkeka wake ulikuwa umebonyea upande mmoja. Watu hawakupiga mayowe. Ungepiga mayowe kwa ajili ya nani, mumeo? Walianza tu kujibana kwenye mikeka, na kuupisha mlango kidogo kabla ya kupita. Kijiji kizima kikawa kinaishi kwa kupishana na watu kisiowaona. Na waliopita Lwanzali walisema kila asubuhi vumbi linainuka pasipo upepo, na ngao zinasikika zikigongana. Waliokufa pale hawakuwa wamepata habari. Kwao vita vilikuwa vinaendelea.

Naona Renatus umeacha kununa. Vizuri. Ila usimwache huyo mbwa, mshike shingo.

Lugusha alikuwa ameacha mtoto wa kike, Kamuli, mdogo, wa kufundishwa kuhesabu vidole. Huyo mtoto akakataa chakula. Ngolo akimpa uji, anageuza uso.

"Nimeshakula na baba," anasema.

Na kweli alikuwa hana njaa, lakini mbavu zilianza kuonekana. Siku moja akamtazama Ngolo, akamuuliza, "Bibi, baba anasema, kwa nini akiwasalimu hamumjibu?" Mtoto akaendelea kuchezea vijiti vyake. "Amesema kesho nitakwenda naye kunywesha ng'ombe. Ng'ambo kule."

Ngolo akamfuata Lubinza. Mwanamke yule hakuwa mtu wa kubembeleza, hata mwanawe akiwa jemadari.

"Mwanao hajui kuwa amekufa," akamwambia. "Atamchukua mtoto kwa mapenzi, wala si kwa ubaya. Mtafute wa kumwambia."

"Mama, Mlembo wa kumzika Lugusha ni mmoja tu, na ndiye aliyemuua."

"Basi nenda kwa huyohuyo. Utani uliukata wewe kwa mdomo wako. Kaufunge kwa mdomo huohuo."

Lubinza akatoka kulipopambazuka, hakubeba hata fimbo. Alipofika mtoni alimkuta Ntwale ameshakaa ng'ambo, mkuki magotini, macho mekundu. Ntwale akapiga goti.

"Umeamkaje, bwana mkubwa?" akasema.

Ilikuwa salamu ileile. Sasa wewe jiweke pale. Mbele yako yuko mtu aliyemchoma mwanao, na kitu pekee kitakachomwokoa mjukuu wako ni wewe kufanya mzaha naye. Huwezi kumwomba radhi, maana mtani haombwi radhi. Huwezi kulia, maana watu baki ndio wanaoliliana. Lubinza akasimama, jua likaanza kumpanda mabegani. Alimchukia mtu yule. Mwishowe akasema:

"Ntwale, umekonda. Ukisimama kwenye jua la utosi huna kivuli hata cha kumpa nzi."

Ntwale akautazama mkuki wake, akaulaza kwenye mchanga.

"Wewe je?" akasema taratibu. "Ile nusu ya tumbo uliyomwachia mkeo, ameila?"

Kicheko kilichomtoka Lubinza kilikuwa kibaya, mtu angedhani anatapika. Ntwale naye akacheka. Wakaingia mtoni, wakakaa chini ndani ya maji, watu wazima wawili, wakicheka na kulia mpaka hawajui wanafanya lipi.

"Mdogo wangu anakuja kila asubuhi kuniomba ugoro," Ntwale akasema. "Simwoni. Nanyoosha kiganja, nauona ugoro unapungua."

"Wangu anamtaka mtoto wake."

"Lini?"

"Leo. Ng'ombe wakienda majini."

Ntwale akainuka. "Na wewe umekaa, mnene wewe? Twende."

Walipofika kijijini ng'ombe walikuwa wameshatoka zizini. Ngolo alikuwa amembeba Kamuli mgongoni, kamfunga kwa mafundo mawili, na mafundo yalikuwa yamefunguka yenyewe. Mtoto alikuwa anatembea nyuma ya ng'ombe, mkono mmoja ameuinua juu, kama mtoto anavyotembea akiwa ameshikwa mkono na mtu mrefu. Mbwa walikuwa pembeni yake, mikia inacheza. Lubinza akamwita. Hakugeuka. Ngolo akamshika kiunoni, akashindwa kumzuia, akaburutwa naye, mwanamke mtu mzima, na mtoto wala hakuongeza mwendo.

Ntwale hakuwakimbilia. Alichukua jembe, akaenda kaburini nyuma ya zizi, akafukua mpaka akaifikia mikeka aliyofunikiwa Lugusha. Akajilaza juu yake.

"Lugusha," akasema kwa sauti, "unakohoa kama mbuzi aliyemeza kamba. Umekomba ukoko wa ugali wa kijiji kizima, hata vyungu vya wenyewe vimetoboka. Ulikuwa unaimba kwenye ngoma, watu wanatafuta kiatu cha kukutupia, na viatu vyenyewe hatuna."

Ng'ombe wakapunguza mwendo.

"Ulimwogopa mkeo. Ulimwogopa chura. Vitani ndiko ulikojifanya huogopi, na sasa ona." Akajilazimisha, akacheka. "Umekufa, Lugusha. Hujasafiri wala huumwi, umekufa. Mimi ndiye niliyekuua, na nilikuwa nakupenda. Usiniulize kwa nini, hata mimi sijui. Mwache mtoto. Huko uendako hakuna uji."

Ng'ombe wakasimama. Mkono wa Kamuli ukaanguka. Akatazama juu, pembeni yake, kwa muda, kama anayesikiliza. Halafu akakaa kwenye mavi ya ng'ombe na kulia kwa njaa, na Ngolo alisema maisha yake yote hakupata kusikia kilio kitamu kama kile. Mbwa wakanusa ardhi, wakazunguka mara chache, wakalala. Mikia chini.

Siku hiyohiyo Lubinza akavuka mto, akaingia kaburini mwa mdogo wake Ntwale, akamwambia kwamba ugoro wake ndio uliofukuza mvua. Na baada ya hapo koo zote mbili zikafanya kazi moja tu mpaka mvua ikanyesha kweli: kila mtu kumzika mtani wake. Kiti cha utemi alikipata nani? Msiniulize. Nimesahau, na aliyenisimulia alikuwa amesahau pia.

Lakini hawakuwamaliza wote. Walikuwepo wanaume ambao, katika vumbi la Lwanzali, waliua watani wao wote, kaka na wadogo na watoto wao, kisha wakafa wenyewe. Hao hakubaki Mlembo wala Mkihanga mwenye haki ya kulala makaburini mwao na kuwaambia. Wenye haki hiyo waliwaua wao. Asubuhi moja, kazi ikiwa imekwisha, majemadari wawili walisimama ukingoni wakaliona vumbi linainuka tena katikati ya mbuga, na hakuna upepo. Wakasikia mtu mle ndani anamwita mwenzake kwa jina la utani.

"Na hawa?" Lubinza akauliza.

Ntwale hakumtania safari hii. Alisema tu, "Amuuaye mtani, azikwe na nani?" Wakageuka wakaondoka.

Hayo ndiyo maneno aliyoyasema Kapama leo. Alikuona umekunja ngumi, Renatus. Ni wewe aliyekuwa anakuambia.

Sasa tazama jua. Limefika pale ambapo babu yenu hurudi kutoka shambani. Jana na juzi, saa hii, mlimwona huyu mbwa akikimbilia njiani na kurudi taratibu hadi kwenye kile kiti chake. Mkasema anapokea wageni. Sikusema kitu. Mimi nilikuwa nakwenda kukigusa kiti.

Mwachie shingo. Mwache aende akitaka.

Mnaona. Amelala. Mkia hautikisiki. Basi amejua, mume wangu.

Niacheni nilie kidogo. Nilitaka aje hata leo tu, sitawadanganya, nilitaka sana. Lakini isingekuwa haki kwake.

Renatus, inuka ukamkamate yule jogoo mwekundu, umpelekee Kapama. Yuko pale kwenye turubai, anakula nyama za watu. Na ole wako umwamkie shikamoo. Najua umelelewa vizuri, lakini adabu yako iweke mfukoni. Mwambie amelala kaburini kama gunia la mpunga, babu yako amekosa pa kuweka mkono. Atakutukana mpaka ushike masikio. Simama umsikilize, ucheke, umkabidhi jogoo mkononi. Mimi nami ni mzee, siku yangu haiko mbali, na nina makosa mengi ya kusemwa. Nataka awepo wa kuyasema. Amuuaye mtani, azikwe na nani?